Dai la pensheni ya mpigania uhuru wa India: namna ya kulijenga, na namna ya kulitetea mahakamani

Majalada mengi ya pensheni za wapigania uhuru wa India hukwama kwa mambo yanayoonekana madogo. Cheti kimetiwa saini na mtu asiye na sifa ya kukitoa, miezi ya kifungo imehesabiwa vibaya, au ombi linasema gerezani wakati viambatisho vinasema mafichoni. Jalada la namna hiyo likifika mahakamani huwa limekwisha kuumia, na wakili hodari hawezi kulitibu lote. Kwa hiyo sehemu kubwa ya mwongozo huu inahusu karatasi, na kesi yenyewe inakuja baadaye.

Kijana wa miaka 17 katika vuguvugu la mwaka 1942 la kuwataka Waingereza waondoke India alizaliwa 1925, hivyo angekuwa amefikisha miaka 100 mwaka 2025. Wanaodai leo kwa wingi ni wajane na mabinti wao. Hawakuwapo gerezani, hawajui majina ya wafungwa wenza wa mzee, na mara nyingi wanachomiliki ni picha moja na barua iliyochanika. Inawezekana kuanzia hapo, mradi hatua zifuatwe kwa mpangilio.

Kwanza, jua unadai kwa nani

Serikali Kuu ilianza na wafungwa wa kisiasa wa gereza la visiwa vya Andaman mwaka 1969. Tarehe 15 Agosti 1972, uhuru ulipotimiza miaka 25, ikaanzisha pensheni ya wapigania uhuru wote. Wakati huo aliyekuwa na kipato cha zaidi ya rupia 5,000 kwa mwaka hakustahili. Kikomo hicho kiliondolewa kuanzia 1 Agosti 1980, pensheni ikafanywa heshima badala ya msaada kwa wahitaji, na ikapewa jina la Swatantrata Sainik Samman, yaani heshima kwa wapigania uhuru. Tangu 2017 inaitwa Swatantrata Sainik Samman Yojana. Msimamizi wake ni Wizara ya Mambo ya Ndani, New Delhi.

Mbali na mpango huo wa Serikali Kuu, majimbo yana mipango yao yenye masharti yao. Hili huumiza familia nyingi: mzee amelipwa na jimbo kwa miaka 20, familia inaamini Serikali Kuu italipa bila swali, kisha barua ya kukataa inakuja. Kulipwa na jimbo hakuthibitishi sifa za mpango wa Serikali Kuu. Barua ya pensheni ya jimbo iambatishe kama ushahidi wa kuunga mkono tu, usiifanye nguzo.

Chagua mlango mmoja, kisha uhesabu miezi

Mtu huingia kwenye mpango kupitia mateso ya aina maalumu, na kila aina ina ushahidi wake. Milango inayotumika zaidi ni hii:

- Kifungo au kizuizi cha angalau miezi 6. Kwa wanawake, na kwa watu wa jamii za tabaka na makabila yaliyoorodheshwa katika Katiba, ni miezi 3.
- Kuishi mafichoni kwa zaidi ya miezi 6, kwa sharti kwamba mhusika alitangazwa kuwa mhalifu anayesakwa, au zawadi iliahidiwa kwa atakayemkamata, au amri ya kumzuia ilitolewa lakini haikuweza kutekelezwa.
- Kuzuiwa nyumbani au kufukuzwa wilayani kwake kwa angalau miezi 6.
- Mali kutaifishwa, au kukamatwa na kuuzwa.
- Ulemavu wa kudumu uliotokana na risasi au virungu vya polisi.
- Kupoteza kazi ya serikali kwa sababu ya kushiriki harakati.
- Kuchapwa viboko 10 kwa amri ya adhabu.

Familia ya aliyeuawa katika harakati, aliyefia kizuizini au aliyenyongwa inaingia kwa mlango wake peke yake.

Sharti la pili la mafichoni ndilo linalosahaulika. Mtu aliyelala porini mwaka mzima akiogopa kukamatwa, bila amri yoyote iliyotolewa dhidi yake, hastahili kwa mlango huo. Ni sharti kali, na limewaacha nje watu walioteseka kweli. Hata hivyo ndivyo lilivyo, na ombi linalosimulia njaa na baridi ya porini bila kutaja amri hiyo litakataliwa.

Hesabu ya kifungo ifanywe kwa kalenda. Chukua mfano wa mzee aliyekamatwa 20 Agosti 1942 na kuachiwa 10 Februari 1943. Amepungukiwa siku kumi kutimiza miezi sita. Lakini mpango unaruhusu msamaha wa kawaida wa kifungo, hadi mwezi mmoja, uhesabiwe kuwa sehemu ya kifungo. Kama alihukumiwa miezi sita na kupunguziwa siku kumi, ametimiza, ila lazima msamaha huo uonekane kwenye rekodi au uelezwe katika ombi. Siku za mahabusu huhesabiwa kesi ilipoishia kwa kutiwa hatiani. Vifungo vya vipindi mbalimbali hujumlishwa.

Kagua pia harakati yenyewe na tarehe zake. Zinazotambuliwa si za kabla ya 15 Agosti 1947 pekee. Harakati za kuunganisha Hyderabad, dola iliyotawaliwa na mfalme aliyeitwa Nizam, na India ziliendelea hadi Septemba 1948, na Goa, koloni la Wareno, ilikombolewa Desemba 1961. Vuguvugu la Arya Samaj, jumuiya ya mageuzi ya Kihindu, la 1938 hadi 1939 dhidi ya utawala wa Nizam lilitambuliwa baadaye, na ndilo lililozaa mojawapo ya kesi muhimu kuliko zote, kama itakavyoonekana hapa chini.

Usiweke milango miwili katika ombi moja isipokuwa kila mmoja una ushahidi wake kamili. Ombi linalodai miezi minne ya jela na miezi mitano ya mafichoni halijumlishwi kuwa tisa.

Ushahidi

Ngazi ya kwanza ni rekodi rasmi za wakati ule. Kwa kifungo, ni cheti kutoka gerezani, kwa mkuu wa wilaya au serikali ya jimbo, kinachotaja muda wa hukumu, tarehe ya kuingia, tarehe ya kutoka, maelezo ya kesi na sababu ya kuachiwa. Cheti kinachosema tu "alikuwa mfungwa wa kisiasa" hakitoshi, kirudishe kikajazwe.

Pa kutafuta: rejista ya kuingiza wafungwa gerezani, hukumu katika masijala ya mahakama ya wilaya, vitabu vya kituo cha polisi, hifadhi ya nyaraka ya jimbo, na Hifadhi ya Taifa ya Nyaraka huko New Delhi, hasa kwa askari wa Jeshi la Taifa la India lililoongozwa na Subhas Chandra Bose. Kwa mafichoni, tafuta tangazo lililotolewa chini ya kifungu cha 87 cha Sheria ya Mwenendo wa Jinai ya 1898, na amri ya kukamata mali chini ya kifungu cha 88. Kwa waliozuiwa bila kesi wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, tafuta amri chini ya kanuni ya 26 ya Kanuni za Ulinzi wa India. Ukimtajia karani wa masijala namba ya kifungu, anajua ni rafu ipi. Ukimwambia "kumbukumbu za wapigania uhuru", atakuambia hazipo.

Tafuta jina kwa tahajia zote. Rejista za kikoloni ziliandika majina ya Kihindi, Kitamil au Kitelugu kwa sikio la karani Mwingereza, na mara nyingi jina la baba na la kijiji ndiyo utambulisho wa kweli. Jina kwenye rejista likitofautiana na la sasa, andaa hati ya kiapo inayoeleza tofauti hiyo mapema, kabla afisa hajaigeuza kuwa sababu ya kukataa.

Ngazi ya pili inafunguka pale tu rekodi zinapokosekana. Hapa unahitaji vitu viwili kwa pamoja, na kimoja bila kingine hakifai.

Cha kwanza ni cheti cha serikali ya jimbo cha kutopatikana kwa kumbukumbu. Maneno yake yana uzito wa ajabu. Kinatakiwa kuthibitisha kwamba mamlaka zote za jimbo zinazoweza kuwa na kumbukumbu za dai hilo zimeulizwa, na kwamba kumbukumbu rasmi za wakati husika hazipo. Barua ya mkuu wa gereza mmoja isemayo "rejista ya 1942 imeteketezwa" si cheti hicho; ni malighafi ya kukipata. Iambatishe na kuipeleka kwa serikali ya jimbo pamoja na majibu ya polisi na ya mahakama, uombe cheti kamili.

Cha pili ni ushuhuda wa aliyekuwapo. Kwa kifungo, ni vyeti viwili vya wafungwa wenza ambao wao wenyewe wamethibitishwa kufungwa angalau mwaka mmoja, na waliokaa gereza moja na mdai kwa wakati mmoja. Mtoa cheti akiwa mbunge wa taifa au wa jimbo, wa sasa au wa zamani, kimoja kinatosha. Kwa mafichoni, ni cheti cha mpigania uhuru mashuhuri anayemjua mhusika binafsi, mwenye kifungo kilichothibitishwa cha angalau miaka miwili, na anayetoka eneo lilelile la kiutawala.

Vyeti hivi ndipo madai mengi yanapovunjikia. Kabla ya kuviwasilisha, fanya kile ambacho afisa wa wizara atakifanya: chora jedwali. Upande mmoja andika gereza na tarehe za mtoa cheti kama zilivyo kwenye jalada lake mwenyewe la pensheni; upande wa pili gereza na tarehe za mdai. Vipindi lazima viingiliane. Mtoa cheti aliyeachiwa Machi 1943 hawezi kumshuhudia mfungwa aliyeingia Mei. Angalia pia kama cheti kinajitosheleza: kinataja gereza, tarehe, na jinsi alivyomfahamu mwenzake? Vyeti vinavyofanana neno kwa neno kwa watu ishirini huamsha shaka, na shaka hiyo haina dhuluma.

Kisha umri. Kadi ya mpiga kura inaonyesha alizaliwa 1934, lakini ombi linasema alifungwa 1942. Mahakama haitaamini kwamba mtoto wa miaka minane alikaa jela miezi sita. Mara nyingi kosa liko kwenye kadi, iliyojazwa kwa kukisia, kwa hiyo tafuta rekodi ya shule ya mwanzo au cheti cha afisa wa tiba kabla ya kuwasilisha.

Kwa familia ya leo, watoa vyeti nao wamekufa. Cheti kilichotolewa enzi za uhai wao na kupokewa serikalini bado ni ushahidi, na ndiyo maana nakala yenye mhuri wa mapokezi wa miaka ya 1980 ina thamani kuliko hadithi yoyote. Pekua masanduku ya nyumbani vizuri.

Kuwasilisha na kufuatilia

Ombi kwenye fomu maalumu hupelekwa kwa Katibu Mkuu wa jimbo, nakala yake kwa Wizara ya Mambo ya Ndani. Jimbo hukagua na kutoa mapendekezo, wizara huamua. Mapendekezo ya jimbo hayaifungi wizara, lakini ikiyakataa inapaswa kueleza kwa nini.

Tuma kwa rejista ya posta na utunze stakabadhi. Tarehe ya kupokelewa inaweza kuamua malimbikizo ya miaka mingi.

Ukimya ukizidi, tumia Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2005. Ada ni rupia 10, jibu linatakiwa ndani ya siku 30, na rufaa ya kwanza hukatwa ndani ya siku 30 baada ya hapo. Usiulize "dai langu limefikia wapi", maana jibu litakuwa "linashughulikiwa". Omba nakala za vitu: maoni ya maafisa ndani ya jalada, ripoti ya ukaguzi ya jimbo, barua ya mapendekezo, na jalada la mtoa cheti katika sehemu inayoonyesha kifungo chake. Taarifa zilizozidi miaka 20 hazifunikwi na vizuizi vingi vya sheria hiyo, na hapa karibu kila kitu kimezidi umri huo.

Kuisoma barua ya kukataa

Soma mara tatu, ukipiga mstari chini ya kila sababu. Tangu kesi ya Mohinder Singh Gill ya 1978, msimamo wa Mahakama ya Juu ni kwamba uamuzi wa serikali hupimwa kwa sababu zilizoandikwa ndani yake. Hauwezi kuvalishwa sababu mpya kwa kiapo cha baadaye mahakamani. Barua ikikataa kwa kuchelewa tu, serikali haiwezi kuja mahakamani na hoja mpya kwamba cheti ni dhaifu.

Kama barua haina sababu, au haikugusa mapendekezo ya jimbo, hapo una hoja nzito. Kama inataja upungufu unaorekebika, urekebishe na uombe mapitio kwanza, kwa sababu mahakama ingekurudisha hukohuko baada ya miaka mitatu. Na kama ni barua ya kuomba nyaraka zaidi, bado hujakataliwa. Ukiipinga mahakamani utaambiwa umewahi mno.

Mahakamani

Njia ni ombi kwa Mahakama Kuu ya jimbo chini ya Ibara ya 226 ya Katiba. Hakuna ukomo maalumu wa muda, lakini aliyekaa kimya miaka kumi baada ya kukataliwa ataulizwa alikuwa wapi. Orodhesha kila barua ya ukumbusho na tarehe yake.

Majaji katika kesi hizi hawasikilizi mashahidi upya kama mahakama ya mwanzo. Wanaangalia kama uamuzi ulifuata mpango, kama ushahidi ulizingatiwa, na kama sababu zina mantiki. Kwa hiyo omba kwa ngazi: kwanza uamuzi ufutwe na pensheni itolewe, na kama mahakama haitakubali, uamuzi ufutwe na wizara iamriwe kuamua upya ndani ya muda uliotajwa, kwa sababu za maandishi. Bila ombi hili la pili, unaweza kushinda hoja na ukaondoka bila kitu.

Nguzo zako mbili ni Mukund Lal Bhandari (1993) na Gurdial Singh (2001), zote za Mahakama ya Juu. Ya kwanza, ya wale wa Arya Samaj, ilisema tarehe za mwisho za kupokea maombi ni utaratibu wa kiofisi tu na hazimnyimi haki anayestahili. Ya pili ilisema dai hupimwa kwa uwezekano mkubwa, wala halidai uthibitisho usioacha shaka kama kesi ya jinai. Ushahidi ukifikia hapo, mdai achukuliwe kuwa mkweli hadi ukinzani wa kuaminika utolewe.

Mawakili wengi husimama hapo, na hapo ndipo wanaposhindwa. Upande wa serikali utajibu kwa hukumu ya 2021 ya Alagam Perumal Kone, ambamo Mahakama ya Juu ilisisitiza kwamba ushahidi lazima uwe wa aina inayotakiwa na mpango wenyewe. Hukumu hizi hazigongani. Gurdial Singh inaeleza namna ya kuupima ushahidi ulioingia kwa mlango halali, haikufungulii mlango. Onyesha kwanza kwamba cheti cha jimbo kina maneno yanayotakiwa na kwamba watoa vyeti wana sifa. Baada ya hapo ndipo uombe mizani ya huruma.

Mdai akifariki kesi ikiendelea, omba warithi waingizwe mara moja. Katika kesi za madai kipimo ni siku 90. Jiwekee hicho hicho. Malimbikizo hadi siku ya kifo bado yana mwenyewe.

Malipo yaanze lini?

Ugomvi huu huzaa kesi peke yake. Ombi lilipokelewa Juni 1982, pensheni ikakubaliwa 2003: kati yake kuna miaka 21. Mukund Lal Bhandari inasema walipwe tangu ombi lilipopokelewa. Lakini K. V. Swaminathan (1997) na Kaushalya Devi (2007) zinasema kwamba pale pensheni inapotolewa kwa ushahidi wa ngazi ya pili, au mdai anapopewa tu faida ya shaka, malipo huanza siku ya uamuzi.

Basi tazama barua ya kukubali imeandikwaje. Ikitaja "faida ya shaka", uwezekano wa malimbikizo umepungua sana, na ni busara kuieleza familia hivyo kabla haijalipa wakili. Ikiwa rekodi rasmi zilikuwamo tangu mwanzo na wizara ilizipuuza, dai la tangu 1982 lina miguu ya kusimamia.

Mjane na mabinti

Mwenzi hurithi pensheni. Baada yake ni mabinti wasioolewa na wasio na ajira, wasiozidi watatu kwa wakati mmoja. Kuanzia 15 Agosti 2016 kiwango cha msingi kwa mwezi, kabla ya nyongeza ya gharama za maisha, ni rupia 30,000 kwa waliofungwa Andaman, 28,000 kwa walioteseka nje ya India iliyotawaliwa na Uingereza, na 26,000 kwa wengine, wakiwamo wa Jeshi la Taifa la India. Binti hupata nusu.

Binti aliyetalikiwa amekuwa akikataliwa kwa hoja kwamba "aliwahi kuolewa". Mwaka 2016 Mahakama Kuu ya Punjab na Haryana ilikubali astahili sawa na asiyeolewa, na mwaka 2019 Mahakama ya Juu ikakataa kuitengua hukumu hiyo. Mahakama nyingine za majimbo zimeona tofauti, kwa hiyo aweke amri ya talaka yenyewe, na uthibitisho kwamba alimtegemea mzazi.

Pensheni ikisimamishwa

Udanganyifu upo, na umewaumiza wakweli. Katika wilaya ya Beed, Maharashtra, madai ya uongo yalikuwa mengi hadi Mahakama ya Juu, katika kesi ya Bhaurao Dagdu Paralkar (2005), ikazungumzia udanganyifu kwa ukali. Aliyepata pensheni kwa hati ya kughushi hana kinga.

Aliye mkweli anayo haki ya kujulishwa tuhuma, kuonyeshwa ushahidi dhidi yake na kujibu kabla ya malipo kukatwa. Jibu taarifa hiyo hata kama muda ni mfupi, na udai kwa maandishi nakala ya malalamiko. Lakini hakikisha kwanza tatizo si la benki: cheti cha kuwa hai cha Novemba kisipopelekwa, malipo husimama bila mtu yeyote kukutuhumu.

Ukishinda

Chukua nakala ya hukumu iliyothibitishwa na mahakama, uipeleke wizarani na kwa jimbo kwa rejista, ukitaja tarehe ambayo muda uliotolewa unakwisha. Muda ukipita kimya, fungua ombi la kudharau mahakama, na usingoje: Sheria ya Kudharau Mahakama ya 1971 inatoa mwaka mmoja tu tangu siku amri ilipokiukwa.